Je, wajua kwa nini tunakaa upande wa msimulizi mwenye damu mikononi?

Korede, anayetusimulia, ni nesi wa Lagos. Siku moja mdogo wake, Ayoola, anamwita na kumwambia amemuua mpenzi wake, na huyu ni wa tatu. Korede hapigi kelele wala haiti polisi. Anakwenda na dawa ya madoa, ile tunayoiita jiki, na kuanza kusugua damu bafuni mwa marehemu. Ndivyo inavyofunguka *My Sister, the Serial Killer*, riwaya ya Oyinkan Braithwaite iliyotoka mwaka 2018 na mwaka uliofuata ikaingia kwenye orodha ndefu ya tuzo ya Booker. Jambo la ajabu ni kwamba zinapita kurasa chache tu, na msomaji ambaye hajawahi hata kuchinja kuku anaanza kuomba mtu asije akabisha hodi kabla kazi haijaisha. Imekuwaje?

Kwa miaka mingi jibu langu lilikuwa moja: huruma. Niliamini mwandishi humpa mwanamke wa namna hii utoto wa mateso, baba katili au mume dhalimu, halafu sisi tunapima. Maovu yake huku, machungu yake kule. Machungu yakizidi, tunasamehe. Nimewahi kuwaeleza wenzangu hivyo kwa uhakika kabisa. Nilikosea, na vitabu vyenyewe ndivyo vilivyonisahihisha.

Tumtazame kwanza Korede. Baba yao alikuwa mkatili kweli, na kisu cha Ayoola kilikuwa cha baba huyo. Lakini ukatili wake tunausimuliwa vipande vipande kadiri hadithi inavyosonga. Pale bafuni hatujaujua bado, na tayari tuko upande wa mwenye tambara. Huruma haiwezi kuleta jambo lililoitangulia.

Aliyeibomoa kabisa nadharia yangu ni Merricat Blackwood, msimulizi wa *We Have Always Lived in the Castle* ya Shirley Jackson, ya mwaka 1962. (Usiyetaka kujua siri ya kitabu hicho, ruka aya hii na ile ya mwisho.) Merricat ana miaka 18, anaishi na dada yake Constance na ami yao Julian aliye mgonjwa. Katika aya ya kwanza kabisa anatuambia hapendi kunawa, anapenda uyoga wenye sumu, na kwamba watu wengine wote wa familia yake wamekufa. Walikufa wanne, kwa sumu ya aseniki iliyochanganywa na sukari mezani. Aliyeitia ni Merricat mwenyewe, akiwa na miaka 12, siku aliyoamriwa kwenda kulala bila kula. Hatuonyeshwi akipigwa wala akiteswa. Weka hilo kwenye mizani yangu ya zamani uone kama itainuka. Na bado, anapokwenda dukani Jumanne na Ijumaa, wanakijiji wakimkodolea macho na watoto wakiimba wimbo wa kuidhihaki familia yake, tumbo la msomaji linakaza pamoja na lake.

Kinachofanya kazi ni mahali tulipokalishwa. Fikiria umepanda daladala ukapata kiti cha mbele, ubavuni mwa dereva. Humjui ni mtu wa namna gani. Lakini sasa unaiona barabara kama anavyoiona yeye: bodaboda inayochomekea, mkokoteni uliojaa viazi ukiwa katikati ya njia. Haipiti dakika 10 mguu wako unakanyaga breki ambayo haipo, na mwenye mkokoteni umeshamwona msumbufu. Ungekuwa wewe umesimama kando ya barabara, ungemlaani dereva huyohuyo. Hakuna aliyekushawishi kwa hoja. Umekalishwa tu. Nafsi ya kwanza, ile "mimi" ya msimulizi, ndicho kiti cha mbele.

Ndani ya hilo kuna jingine, nalo ni kazi ya mikono. Korede hatuombi tumhurumie. Anatupa hatua: kipi kinafutwa, kipi kinafungwa, wapi mtu husahau kusafisha. Akili ikishashika kazi yenye mwanzo huidai mwisho wake. Ni kama kumtazama mwanamke akisuka ukili barazani: macho yakishafuata miyaa inavyopishana, hayataki kuondoka kabla hajafika mahali pa kupumzika. Doa likibaki linatukera. Kukereka huko ndiko kushiriki kwetu, na tumekwisha kushiriki kabla dhamiri haijaulizwa lolote.

Tena kiti hicho hakitulazimu hata kumwamini dereva. Katika *Gone Girl* ya Gillian Flynn, ya mwaka 2012, tunasoma shajara ya Amy, mke aliyetoweka, na tunaiamini. Katikati ya kitabu Amy mwenyewe anatueleza kwamba aliitunga ili mumewe aonekane ndiye aliyemuua. Tumedanganywa mchana kweupe, lakini hatushuki. Tunataka kujua atapita wapi.

Linganisha na Rosa wa Euphrase Kezilahabi katika *Rosa Mistika* (1971). Zakaria anampiga binti yake kikatili kwa sababu ya barua ya mvulana, na tunaumia. Baadaye Rosa anapoteleza tunamlilia, tunamlaumu, tunamjadili kama binti wa jirani. Huruma ipo tele. Lakini Rosa hasimulii, anasimuliwa. Hatujikuti tukifuta nyayo zake. Hapo ndipo nilipoona wazi kwamba kumhurumia mhusika na kushirikiana naye ni mambo mawili, na kila moja laweza kuja bila mwenzake.

Kwa nini basi lawama ya "hapendeki" huwaangukia sana wasimulizi wa kike? Mwaka 2013 Claire Messud, aliyekuwa ametoa riwaya yenye msimulizi mwanamke aliyejaa hasira, aliulizwa na mwandishi wa jarida moja la Marekani kama angependa kuwa rafiki wa mhusika huyo. Alimrudishia swali: je, wewe ungependa kuwa rafiki wa Humbert Humbert? Huyo ni yule mwanamume anayesimulia riwaya ya *Lolita*, mharibifu wa mtoto. Akaongeza kwamba cha kuuliza ni kama mhusika yu hai. Nadhani alilenga penyewe. Mwanamke kwenye kiti cha dereva bado hutakiwa kwanza awe mwema, ndipo tukubali kupanda.

Kama kupanda huko kunambadilisha msomaji, hapo niende polepole. Mwaka 2013 David Comer Kidd na Emanuele Castano walichapisha katika jarida la *Science* matokeo kwamba kusoma hadithi za kifasihi, hata kwa muda mfupi, kunaongeza uwezo wa kutambua hisia za wengine. Watafiti wengine waliporudia majaribio hayo miaka iliyofuata, hawakuyapata matokeo yale. Kwa hiyo ninaloweza kulisimamia ni lile linalotokea ndani ya kurasa.

Na ndani ya kurasa kuna kitu kimoja ambacho sikukiona niliposoma mara ya kwanza. Katika kitabu cha Jackson, ami Julian anamsimulia mgeni aliyekuja kunywa chai kwamba siku ya vifo vile Constance aliliosha bakuli la sukari kabla polisi hawajafika, akisema lilikuwa na buibui. Alishitakiwa, akaachiwa. Ukirudia kusoma unaelewa aliliosha kwa ajili ya nani. Dada mkubwa anasafisha, mdogo ndiye muuaji: ni wale wawili wa Lagos, miaka 56 kabla yao. Jackson alimpa mdogo asimulie. Braithwaite amempa nafasi hiyo yule anayeosha.