Kumbukumbu za athari za kambi: maana yake na namna ya kuziweka

Kumbukumbu za athari za kambi ni maandishi ya kila siku yanayoonyesha kundi limetumia nini, limezalisha taka kiasi gani na limeacha nini pale lilipolala. Kanuni saba za Leave No Trace, taasisi ya Marekani, zinaeleza kundi lifanye nini. Daftari ndilo linaloonyesha kama lilifanya. "Tulitunza mazingira" si kumbukumbu. "Kambi ya Shira, watu 16, taka kavu kilo 1.8, zote zimebebwa" ndiyo kumbukumbu.

Tuchukue safari ya Kilimanjaro kwa njia ya Machame. Kosa kubwa huanzia kwenye hesabu ya watu. Wageni wanne hupanda na waongozaji, mpishi na wagumu, yaani wapagazi, wanaowazidi mara kadhaa, na wote wanakula, wanajisaidia na kukanyaga. Ukigawa taka kwa wageni peke yao, au ukapima za hema la chakula ukaacha za jikoni, namba yako haifai kitu. Andika kila aliyelala kambini.

Pima asubuhi kabla ya kuvunja kambi, kwa mizani ya kuning'iniza. Maganda na makapi ya chai yawe na mfuko wake, kwa sababu maji yaliyomo huongeza uzito na kuficha wingi halisi wa makopo na plastiki. Mfuko ulionyeshewa uchuruzike kwanza.

Ukurasa wa choo ndio unaorukwa zaidi, kwa aibu tu. Lakini karatasi zinazoonekana nyuma ya mawe zimeachwa na waliokwenda kuchimba dawa njiani, kati ya kambi na kambi. Andika mifuko mingapi ya kurudishia karatasi iligawiwa na mingapi ilirudi. Pasipo na choo kabisa, andika kama shimo lilifika sentimita 15 hadi 20 na lilikuwa angalau mita 60 kutoka kwenye maji.

Kuhusu njia ya kupita, taja tu mahali kundi lilipokwepa tope na kuipanua.

Daftari lishikwe na mtu mmoja, aandike kwa penseli, maana kalamu ya wino hugoma kwenye baridi ya kambi ya Barafu. Likijazwa kwa mkupuo getini Mweka, safari inapoishia, utaliona: kilo mbili, kilo tatu, hakuna pointi, na safu ya kuandikia makosa ya kundi ni tupu safari nzima. Hapo muulizeni mpishi maji ya kuoshea vyombo aliyamwaga wapi.