Hasira za kuacha sigara huisha
Kuna ujumbe usioisha kuzunguka kwenye magrupu ya WhatsApp hapa Kisumu: eti mvutaji wa miaka mingi akiacha sigara, akili hulegea na atabaki mtu wa hasira na huzuni maisha yake yote. Si kweli.

Hasira zenyewe zipo, tusidanganyane. Nikotini, kile kilevi kilichomo kwenye sigara, hupungua kwa nusu mwilini kila baada ya saa 2 hivi, na ubongo uliozoea huanza kuidai. Usingizi unaruka, mkono unapapasa mfuko wa shati, mtu anamfokea makanga kwa chenji ya shilingi 10. Siku za kwanza ndizo kali. Kwa wengi hali hutulia ndani ya wiki 2 hadi 4, na baadaye wasiwasi hupungua kuliko walipokuwa wakivuta.

Kinachochanganya watu ni ile nafuu ya sigara ya asubuhi. Kumbe inatuliza arosto, yaani ile hamu na hasira ya kukosa nikotini, iliyoletwa na sigara ya jana! Mvutaji anaweza kujipima: aandike saa aliyovuta mwisho na saa anapoanza kukasirika.

Aliyewahi kuugua sonona, yaani ugonjwa wa huzuni kali, aache sigara akifuatiliwa na mhudumu wa afya. Ujumbe huo ukikufikia, usiusambaze. Huenda atakayeusoma yuko siku yake ya pili bila sigara.