Ramani ya upepo si picha ya satelaiti

Mwanzoni mwa Mei 2024, kimbunga Hidaya kilipokuwa kikielekea kisiwa cha Mafia, makundi ya WhatsApp yalijaa video za aina moja: bahari imepakwa zambarau na nyekundu, vijistari vyeupe vinazunguka kitovu cha kimbunga kwa kasi ya kutisha, na chini yake maneno "picha ya satelaiti, mubashara". Nyingine zilitumwa Alhamisi ilhali ramani yenyewe imeandikwa Jumamosi. Satelaiti zina uwezo mwingi, lakini bado hazijaanza kupiga picha za keshokutwa.

Kile kilichokuwa kikisambazwa ni taswira ya kisayansi. Kwa haraka: ni kuchukua namba nyingi kiasi kwamba hakuna mtu awezaye kuzisoma moja moja, ziwe zimetoka kwenye vipimo au kwenye hesabu za kompyuta, na kuzigeuza kuwa rangi, mistari, maumbo na mwendo ili jicho lione mpangilio uliomo. Anayechora ni kompyuta, na inachora kwa kanuni: namba hii, rangi hii. Fani yenyewe ilipata jina lake rasmi mwaka 1987, Bruce McCormick, Thomas DeFanti na Maxine Brown walipohariri ripoti kwa ajili ya Mfuko wa Taifa wa Sayansi wa Marekani. Kilio chao kilikuwa kwamba kompyuta kubwa na satelaiti zinamwaga data kuliko wanasayansi wanavyoweza kuzielewa, na nyingi zinaishia kurundikwa tu bila kutazamwa.

Hiyo ndiyo maana, wala haina ugumu. Ugumu unakuja pale kila kitu chenye rangi kwenye skrini kinapoitwa picha.

Picha ya kamera inaanza na mwanga. Kuna kitu mbele ya lenzi, mwanga wake unaingia, unaandikwa. Upepo hauna mwanga wake wala rangi yake. Satelaiti hukadiria upepo kwa njia za kuzunguka, kama vile kufuatilia mawingu yanavyosogea, au kutuma mawimbi ya rada baharini na kusoma yanavyorudi kutoka kwenye maji yaliyotiwa mawimbi na upepo. Makadirio hayo huingizwa kwenye modeli ya hali ya hewa pamoja na vipimo vya meli, ndege, maboya na vituo vya nchi kavu. Modeli ndiyo inayopiga hesabu za hewa itakavyokwenda, saa hadi saa, siku kadhaa mbele. Ile video ni matokeo ya hesabu hizo.

Na hesabu hufanyika kwa visanduku. Modeli ya dunia ya Marekani, GFS, inaigawa dunia katika gridi ya visanduku vyenye upana wa kilometa 13 hivi na hukokotolewa upya mara 4 kwa siku. Ile ya kituo cha Ulaya, ECMWF, ina gridi ya kilometa 9 hivi. Kila kisanduku kina namba zake: kasi ya upepo, uelekeo, joto, unyevu, mgandamizo wa hewa. Kisiwa kizima cha Mafia, chenye urefu wa kilometa 50 hivi, kinaangukia visanduku vichache tu. Ila ukiitazama ramani, rangi zinateleza laini kutoka Kilindoni hadi Kilwa bila mpaka wowote, kwa sababu programu imejaza katikati kwa makadirio. Ukivuta karibu kwa vidole viwili mpaka uone ghuba ya kijiji chenu, umekuza rangi tu. Hujaongeza hata kipimo kimoja.

Vile vijistari vyeupe navyo vinapotosha kuliko rangi. Watu wanadhani ni hewa inayoonekana ikikimbia. Ni chembe za kubuni ambazo programu inazinyunyiza juu ya ramani na kuziacha zisukumwe na namba za upepo za mahali zilipo, kisha inazifuta na kunyunyizia nyingine. Mwendo wake umeharakishwa mno, la sivyo usingeuona kabisa kwenye ramani inayobeba nusu ya Bahari ya Hindi. Ni njia nzuri sana ya kuonyesha uelekeo, na kwa maoni yangu ni nzuri kuliko mishale iliyojaa kwenye ramani za zamani. Lakini mtu akikwambia "ona unavyokimbia", anachokiona kikikimbia ni uamuzi wa mtengeneza programu.

Sasa kuna wajuaji wanaokwenda upande wa pili. Wakishaambiwa kwamba si picha, wanasema basi ni katuni, imetengenezwa tu. Hawa wananiudhi zaidi. Aprili 10, 2019, watafiti wa Event Horizon Telescope, mradi unaounganisha darubini za redio, walipotoa ile duara ya machungwa ya shimo jeusi la galaksi M87, maneno yalikuwa hayohayo: wamechora. Darubini kadhaa za redio zilikuwa zimenasa mawimbi ya urefu wa milimita 1.3, ambayo jicho la binadamu haliyaoni hata kidogo. Vikundi 4 viliunda taswira kutoka kwenye data hizo, kila kimoja bila kuona kazi ya kingine, na vyote vikapata duara. Rangi ya machungwa ilichaguliwa na watu. Wangetaka ingekuwa kijani. Duara haikuchaguliwa na mtu. Tofauti na katuni iko hapo: ukigusa sehemu yoyote ya taswira ya kisayansi, unapaswa kuweza kurudi hadi kwenye namba iliyoizaa. Mchora katuni hadaiwi namba na mtu.

Mgonjwa anayepigwa CT scan halalamiki kwamba daktari anatazama katuni. Mashine inahesabu ni kiasi gani cha mionzi kilichomezwa na kila sehemu ya mwili na kuipa namba, maji yakiwa 0 na hewa ikiwa -1000, halafu namba hizo ndizo zinazogeuzwa kuwa weusi na weupe. Fundi akibadilisha kiwango cha weusi, mapafu yanajitokeza na mifupa inageuka bonge jeupe, kwa data zilezile, za mgonjwa yuleyule.

Hata picha halisi ya satelaiti si nyepesi kama inavyoonekana. Usiku Meteosat, satelaiti ya hali ya hewa, haina mwanga wa jua wa kutumia, hivyo inapima mionzi ya infraredi, yaani joto la kitu kilicho juu kabisa: wingu, bahari au ardhi. Vilele vya mawingu marefu ni baridi sana, na kwa kawaida ya mionzi vingepaswa kutoka vyeusi. Watabiri waligeuza kipimo ili baridi iwe nyeupe, na mawingu yafanane na mawingu. Wakitaka kuonyesha radi kali, za Ziwa Victoria usiku kwa mfano, wanazipaka rangi juu ya hapo, na mara nyingi nyekundu inawekwa palipo na baridi kuliko pote. Nimeshasoma maelezo ya watu waliojiaminisha kwamba wekundu ule ni joto la ziwa.

Wanasayansi wenyewe hawana mikono misafi. Chombo cha Magellan kilipopima uso wa Zuhura kwa rada kuanzia 1990, mandhari zilizoundwa kutokana na data hizo zilionyesha mlima Maat Mons ukiwa umechongoka vibaya, kwa sababu katika mojawapo kimo kilikuzwa mara 22.5. Mtaalamu wa sayari David Morrison alipendekeza kwa mzaha kiundwe chama cha kutetea Zuhura bapa. Kwa miaka mingi pia walipaka kila kitu rangi za upinde wa mvua, ingawa manjano hung'aa kuliko jirani zake na kumfanya msomaji aone mpaka mahali ambapo namba zinapanda polepole tu. MATLAB, programu ya hesabu na michoro inayotumiwa na wanasayansi, iliacha kuzitumia rangi hizo za upinde kama chaguo lake la mwanzo mwaka 2014.

Kwa hiyo sisemi tusizisambaze. Wakati wa kimbunga, ramani ya upepo iliyosomwa vizuri inamsaidia mvuvi kuliko aya nne za maandishi, na taarifa za Mamlaka ya Hali ya Hewa zinaweza kuwekwa pembeni yake. Naomba tu tusiikate kingo kabla ya kuituma. Ile mistari midogo ya chini ambayo wengi huiondoa ili video ikae vizuri kwenye simu ndiyo yenye kipimo cha rangi, jina la modeli, na siku na saa inayoonyeshwa. Halafu badala ya "picha ya satelaiti", andika "utabiri wa upepo, Jumamosi saa tisa alasiri, modeli ya GFS". Ni maneno machache, na anayepokea atajua kwamba bado ana muda wa kuvuta mashua yake nchi kavu.