Kabla ya kutupa mtego Barview: kaa, ndoana na hema kwenye pwani ya Oregon

Swali tunaloulizwa zaidi na familia zinazotoka Portland kwenda kuvua kaa ni hili: mitego inauzwa wapi? Jibu lake ni rahisi, maana maduka ya chambo ya mji wa Garibaldi huiuza na hata kuikodisha. Lakini sisi tunaofanya kazi ya ugani wa pwani tungependa maswali mawili yatangulie: nani kati yenu ana leseni, na maji ya leo yakoje?

Eneo lenyewe ni Barview Jetty (jetty ni ukuta wa mawe unaoingia baharini), kambi ya Kaunti ya Tillamook iliyo upande wa kaskazini wa mlango wa Ghuba ya Tillamook. Kutoka Portland unashika barabara namba 6 kuvuka milima hadi mji wa Tillamook, kisha namba 101 kuelekea kaskazini, unapita Garibaldi na umefika. Ni mwendo usiozidi saa mbili kama hakuna msongamano. Kuna nafasi zaidi ya 200 za hema na magari ya kulala, baina ya matuta ya mchanga na misonobari mifupi iliyopindishwa na upepo. Ufukwe uko hatua chache, na si mali ya mtu. Sheria ya mwaka 1967 iliupa umma haki ya kutumia fukwe za mchanga za Oregon, hata zile zilizo mbele ya majumba ya matajiri.

Sasa leseni. Kuna ya kuvua samaki na kuna ya kaa na kome, na ni mbili tofauti. Kila mwenye umri wa miaka 12 au zaidi anahitaji yake. Baba akiwa nayo haimfuniki mama, wala kijana wa miaka 14 anayevuta kamba. Aliyehamia Oregon hajatimiza miezi sita hulipa kiwango cha wageni, na ndugu zetu wa Vancouver, ng'ambo ya mto, nao ni wageni kwa sababu wanakaa jimbo la Washington. Kwa wazee waliovua Uvira au Kalemie bila karatasi yoyote, jambo hili hukera. Tunawaelewa, ila askari wa wanyamapori akifika gatini huanza na karatasi kabla hajatazama ndoo.

Kaa gani, na anapimwaje

Aliyekulia Lamu, Tanga au Pemba anamjua kaa koko, yule wa mikokoni anayetolewa shimoni kwa kijiti chenye ndoana. Kaa wa Dungeness, ambaye ndiye tunayemvua hapa, hana shimo wala mikoko. Hutembea juu ya mchanga chini ya maji, hujifukia nusu mwili, na akinusa chambo hufuata harufu hadi aipate. Ndiyo maana hapa huendi kumtafuta. Unamwita.

Kifaa cha kumwita, kwa anayeanza, kiwe wavu wa pete. Ni pete mbili za chuma zilizounganishwa kwa wavu. Zikifika chini hulala bapa, kaa wanaingia kula, na ukivuta kamba pete ya juu inanyanyuka na kuwazingira. Vuta kwa mkupuo mmoja bila kusita, la sivyo wanaruka nje. Uangalie kila baada ya dakika 15 au 20. Dema la chuma lenye milango linaweza kuachwa muda mrefu zaidi, lakini ni zito, ni ghali, na likipotea huendelea kuua kaa chini ya maji bila faida kwa mtu. Kwa hiyo mlango wa dema ufungwe kwa uzi wa pamba ambao utaoza na kuwafungulia, na boya lake liandikwe jina na mawasiliano ya mwenyewe. Kila mtu anaruhusiwa vifaa vitatu, si zaidi. Chambo bora, kwa maoni yangu, ni mapaja ya kuku. Vichwa vya samaki huvuta kaa haraka, ila huvuta na sili, na sili akishajua gati lako hutapumzika siku hiyo.

Usitupe mtego juu ya mawe ya ukuta wenyewe wa Barview, kwa sababu kamba hunasa na utaacha vifaa vyako huko. Magati ya ndani ya ghuba, upande wa Garibaldi, ni salama zaidi na yana kaa. Nenda maji yanapokaribia kutulia, yakimaliza kujaa kabla ya kuanza kupwa, au yakimaliza kupwa kabla ya kuanza kujaa. Mkondo ukiwa mkali, kaa hujizika na mtego hubiringishwa. Watu wa Tanganyika na Kivu wazingatie hili zaidi, maana maziwa yana mawimbi lakini hayana kupwa na kujaa, na jedwali la maji ni kitu kipya kwao. Maduka ya chambo hulitoa.

Amekuja sasa, yuko ndani ya wavu, anarusha magando. Mshike kwa nyuma, vidole chini na dole gumba juu ya gamba, mbali na magando. Mgeuze. Tumboni ana kifuniko kilichokunjwa. Kikiwa chembamba kilichochongoka kama mnara, huyo ni dume. Kikiwa kipana cha mviringo, ni jike, na jike wa Dungeness hurudi majini papo hapo, hata awe mkubwa kiasi gani. Dume naye apimwe. Upana wa gamba unaotakiwa ni inchi 5¾ au zaidi, yaani kama milimita 146, na hapa ndipo wengi hukosea. Pembeni mwa gamba, kila upande, kuna mwiba mmoja uliojitokeza kuliko mingine. Kipimo hupita mbele tu ya miiba hiyo miwili, bila kuihesabu. Ukipima kutoka ncha hadi ncha utapata inchi za ziada ambazo sheria haizijui. Nunua kipimo cha plastiki chenye pengo lililokatwa tayari, usitumie rula wala kukisia kwa macho. Kila mtu anaruhusiwa madume 12 kwa siku. Kaa mwekundu wa miamba, mwenye gamba gumu na ncha nyeusi za magando, ana sheria nyepesi: 24 kwa siku, jike au dume, saizi yoyote. Kwa sababu hiyo jifunze kuwatofautisha kabla ya kutoka nyumbani.

Ukishampima, bonyeza mguu wake. Ukiingia kama kopo jembamba, ametoka kubadili gamba na ndani kuna maji zaidi ya nyama. Mrudishe, atajaa.

Ghubani uvuvi wa kaa umefunguliwa mwaka mzima. Bahari ya nje hufungwa kuanzia 16 Oktoba hadi 30 Novemba. Msimu mzuri ghubani ni mwishoni mwa kiangazi na mwanzo wa vuli. Baadaye mvua huanza, na Tillamook si mahali pa mvua ya mchezo: hupata zaidi ya milimita 2,000 kwa mwaka. Mito mitano, Miami, Kilchis, Wilson, Trask na Tillamook, humwaga maji baridi kwenye ghuba hiyo moja, na kaa, asiyependa maji yasiyo na chumvi, huondoka kuelekea baharini.

Wanaopendelea ndoana hupata samaki wa miamba na samaki mkubwa aitwaye lingcod kando ya ukuta, na salmoni aina ya Chinook huingia ghubani wakati wa vuli. Sheria za salmoni hubadilika hata katikati ya mwaka na zinahitaji kadi ya ziada, kwa hiyo zisome wiki hiyo hiyo unayokwenda.

Jikoni

Usiwaweke kaa kwenye ndoo ya maji, watakosa hewa na kufa. Gunia bichi kivulini linatosha. Aliyekufa kabla ya kupikwa atupwe.

Najua wengi wetu tunampika kaa mzima kwenye nazi na kunyonya ule utumbo wa manjano ulio chini ya gamba. Huku tunawaomba muuache. Viumbe vidogo vya majini, jamii ya mwani, hutengeneza sumu iitwayo asidi ya domoiki, ambayo hujikusanya humo. Humfanya mtu atapike, na ikizidi hushambulia ubongo na kumpotezea kumbukumbu. Moto hauiui, na supu itaibeba. Fungua gamba kwanza, toa utumbo na matamvua, osha, kata vipande viwili, ndipo uweke tui. Ladha ya nyama haipungui.

Kome wanaochumwa kwenye mawe wana hatari nyingine, sumu ya kupooza. Mwezi Mei 2024 watu kadhaa waliugua na uchumaji wa kome ukafungwa pwani nzima ya Oregon. Kabla ya kuondoka mjini piga simu ya bure ya Idara ya Kilimo ya Oregon, 1-800-448-2474, usikilize maeneo yaliyofungwa. Ni rekodi ya Kiingereza, basi mtafute kijana wa nyumbani akusaidie.

Bahari yenyewe

Ukuta wa mawe wa kaskazini ulikamilika mwaka 1917 ili meli ziingie ghubani salama. Ng'ambo yake, kwenye ulimi wa mchanga, kulikuwa na mji wa mapumziko uitwao Bayocean. Ukuta wa kusini haukujengwa wakati huo, mikondo ikabadilika, na mchanga wa Bayocean ukaanza kuliwa. Jengo la bwawa la kuogelea liliporomoka mwaka 1932. Mwaka 1952 bahari ilivunja ulimi huo na kupita, na nyumba ya mwisho ikaanguka 1960. Ukuta wa kusini ulikuja kukamilika mwaka 1974, hakuna tena mji wa kuulinda. Ukisimama Barview ukatazama kusini huoni hata kuta, ni mchanga na nyasi tu.

Bahari iliyofanya hayo ndiyo hiyo watoto wanaitaka kuichezea. Hupumzika dakika nyingi, kisha hutuma wimbi moja linalopanda mbali kuliko yote yaliyotangulia. Huviringisha magogo mazito, na maji yake ya takriban nyuzi 10 hadi 13 humkata mtu pumzi. Msiyape maji mgongo. Msipande juu ya mawe ya ukuta siku ya mawimbi makubwa, hata kama wengine wamepanda.

Mlangoni pa ghuba ni pabaya zaidi. Tarehe 14 Juni 2003 boti ya kukodi ya wavuvi ilipinduka hapo ikitoka, na kati ya watu 19 waliokuwamo 11 walifariki. Walinzi wa Pwani wana kituo Garibaldi na hutangaza vizuizi kwa boti mlangoni hali ikiharibika. Wenye boti ndogo wabaki ndani ya ghuba, wote wakiwa wamevaa jaketi okozi. Kwa watoto wa miaka 12 kushuka chini ni lazima kisheria boti ikiwa inatembea.

Na ardhi ikitetemeka kwa nguvu, usingoje king'ora. Tetemeko kubwa la mwisho la ufa wa Cascadia, ulio chini ya bahari mbele ya pwani hii, lilitokea 26 Januari 1700 na tsunami yake ilifika hadi Japani. Acha hema, acha gari, panda kwa miguu kufuata vibao vya buluu. Siku mnapofika, kabla ya kufungua mizigo, watembezeni watoto njia hiyo mara moja.

Mwisho ni kuni, jambo dogo linalosahauliwa. Msizibebe kutoka mjini. Mwezi Juni 2022 mdudu anayeua miti iitwayo ash aligunduliwa Forest Grove, mji ulio karibu na njia hiyo hiyo ya kwenda pwani, na viluwiluwi wake husafiri wamejificha chini ya magome. Nunueni karibu na kambi. Zikibaki, muachieni jirani wa hema la pili, msizirudishe nyumbani.