Sherehe ya Kijiji Iliyopimwa kwa Santuri

Mwaka 1930 Noburō Ōfuji, mmoja wa watengenezaji wa mwanzo wa katuni nchini Japani, alitoa filamu fupi iitwayo Mura Matsuri, yaani Sherehe ya Kijiji. Utepe wake hauna sauti, lakini ni makosa kuihesabu miongoni mwa filamu bubu, kwa kuwa ilikusudiwa kuoneshwa huku santuri ya wimbo wa watoto ikipigwa kwenye gramafoni.

Wimbo wenyewe ulikwisha kuzoeleka shuleni, maana uliingizwa katika kitabu cha nyimbo cha shule za msingi mwaka 1912. Unasimulia siku ya mungu mlinzi wa kijiji, ambapo filimbi na ngoma husikika tangu asubuhi. Ni rahisi kuichanganya sherehe hiyo na Bon, sikukuu ya kiangazi ya kuwakumbuka wazee waliotangulia, lakini ubeti wa pili unataja neema ya mavuno, na hapo shaka huondoka: mpunga umekwisha kuvunwa.

Ōfuji alijulikana zaidi kwa kutumia chiyogami, karatasi za Kijapani zilizopigwa chapa ya maua na mapambo, ambazo alizikata kwa mkasi kupata viungo vya wahusika, akavisogeza kidogokidogo chini ya kamera na kupiga picha kila baada ya kuvisogeza. Kazi hiyo huchosha hata kuisimulia. Katika filamu ya santuri ilikuwa na sharti jingine gumu: upande mmoja wa santuri ya mizunguko 78 kwa dakika ulichukua takribani dakika tatu tu, hivyo wimbo ndio uliopanga urefu wa filamu. Mtambo wa kuoneshea filamu ukienda kwa picha 16 kwa sekunde, dakika tatu hudai picha 2,880, na pale mwendo wake ulipopishana na wa gramafoni, hatua za wachezaji ziliachana na mapigo ya ngoma.

Mwaka uliofuata Heinosuke Gosho alitoa Madamu to nyōbō, filamu ya kwanza ya Kijapani yenye mazungumzo iliyofanikiwa, ambayo sauti yake ilikuwa ndani ya utepe wenyewe. Kwa sisi wahifadhi, filamu ya namna hiyo ni kitu kimoja cha kutunza. Mura Matsuri ni viwili, utepe na santuri, na kimoja kikipotea kingine hubaki nusu.