Kuongezewa muda mahakamani: "hiari ya mahakama" maana yake nini

Watu wengi wakisikia hiari ya mahakama wanaelewa ni huruma ya jaji, yaani ukichelewa kukata rufaa unaenda pale Mahakama Kuu Kivukoni unajieleza kwa unyenyekevu, mtoto aliumwa, mambo yalikuwa magumu, basi unapokelewa. Siyo hivyo jamani, na mtu akielewa hivyo ndo anakuja kupoteza kesi ambayo pengine angeshinda.

Tuseme unakaa Chanika, una mgogoro wa kiwanja na umeshindwa kwenye Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Sheria inakupa siku 45 kukata rufaa Mahakama Kuu. Zikipita, rufaa yenyewe huwezi tena kuipeleka moja kwa moja hata kama hukumu ina makosa ya wazi, kwanza unapeleka maombi ya kuongezewa muda pamoja na hati ya kiapo inayoeleza kwa nini umechelewa, na hapo sasa ndo hiari inaingia. Sheria inasema mahakama "inaweza" kuongeza muda kukiwa na sababu ya msingi, haijasema lazima, wala haijataja sababu za msingi ni zipi, kila kesi inapimwa kivyake.

Ila kupima huko kuna vigezo. Kesi ambayo mawakili wanaitaja kila siku ni ya Lyamuya Construction, Maombi ya Madai Namba 2 ya 2010, Mahakama ya Rufani. Humo mnaangaliwa hivi: umeeleza muda wote uliochelewa? Ucheleweshaji umezidi kiasi? Ulikuwa unafuatilia au ulizembea? Na je kuna jambo zito la kisheria, mfano hukumu inayopingwa ina uharamu ndani yake, yaani imetolewa kinyume cha sheria? Huo uharamu uonekane wazi kwenye kumbukumbu za kesi, siyo mpaka mtu abishane nusu siku kuutafuta.

Kinachoangusha wengi ni hilo la kwanza. Mahakama ya Rufani ilishasema hata siku moja ya kuchelewa lazima itolewe maelezo. Kwa hiyo umelazwa Muhimbili siku 20, una karatasi zote za hospitali, vizuri, lakini umekuja kusajili maombi siku 50 baada ya muda kuisha, sasa zile 30 ulikuwa wapi? Ukikaa kimya kwenye kiapo, zile karatasi za hospitali hazikusaidii kwa siku hizo, na usitegemee kuja kuyasema kwa mdomo siku ya kusikilizwa kwa sababu ushahidi wako ni kile kiapo. Andika tarehe, lini umetoka wodini, lini umeonana na wakili, lini umesajili.

Kusema wakili wangu alisahau kwa kawaida haisaidii, uzembe wake unahesabika wako, inauma lakini ndo ilivyo. Kukosa hela nako kwa kawaida siyo sababu, ila hapa ndo utaona hiari maana yake nini hasa, maana Mahakama ya Rufani hiyohiyo iliwahi kusema kukosa hela hakutoshi halafu ikakubali kwamba kwa yule mjane aliyekuwa mbele yake, anayetegemea msaada wa kisheria, haiwezi kuipuuza hali yake ya kukosa hela. Kanuni ni ileile ila mtu na mazingira yake yalikuwa tofauti, mimi naona hapo mahakama ilifanya kazi yake kweli.

Halafu siku ulizokuwa unasubiri nakala ya hukumu hazihesabiwi kwenye rufaa zinazofuata Sheria ya Ukomo, yaani ile inayoweka mwisho wa muda wa kwenda mahakamani, bora uwe na uthibitisho wa lini uliomba na lini ulipewa, kwa hiyo, barua ya kuomba nakala peleka mapema na kopi yenye muhuri ibaki kwako.

Sasa kuna kitu wengi hawakijui, yote haya ni ya rufaa na maombi. Kama umechelewa kufungua kesi yenyewe, mfano deni la mkataba ambalo ukomo wake ni miaka 6, jaji hana hiari hiyo ya kukuongezea, kesi inatupwa. Anayeweza kuongeza ni Waziri wa sheria, akishauriana na Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na hawezi kuzidisha nusu ya muda wa awali, yaani kwa huo mkataba nyongeza yake mwisho ni miaka 3.