Madoa ya mawe ya Mwanza: yanayosemwa na yaliyo kweli

Ukipanda Isamilo, au ukikaa Capri Point kutazama ziwa, hukosi kuona jiwe lenye madoa ya kijivu, ya kijani kilichopauka, hata ya rangi ya chungwa. Mengi ni likeni, zile za aina inayoganda juu ya mwamba kama kigaga. Ukijaribu kuibandua, inatoka na chembe za jiwe.

"Ni kutu tu ya jiwe."
Ni kitu hai. Tena ni ushirika: kuvu anajenga mwili, na ndani yake mwani au bakteria anatengeneza chakula kwa mwanga wa jua. Mswisi Simon Schwendener alipoyasema hayo miaka ya 1860, mabingwa wa likeni wa wakati wake walimpinga vikali. Wakati wa kiangazi dondoshea doa maji kidogo. Mara nyingi litageuka kijani, maana tabaka la juu likilowa linapitisha mwanga na mwani wa chini unaonekana. Wanaodai likeni kavu imekufa wajaribu hilo kwanza.

"Kila doa jeupe ni likeni."
Weupe wa Jiwe la Bismarck, lile lililosimama ziwani, ni kinyesi cha ndege. Michirizi myeupe kwenye miamba wanakokaa pimbi, kama kisiwa cha Saanane, ni mkojo wao uliokauka.

"Inakula mwamba, ndiyo maana mawe yanaporomoka."
Hii ndiyo dhana yenye hasara. Ina chembe ya ukweli: kuvu hutoa asidi, na nyuzi zake hupenya katikati ya chembe za jiwe. Lakini hupenya milimita chache tu, na kazi hiyo ni ya karne na karne. Matale (mawe ya graniti) ya Mwanza yana umri wa zaidi ya miaka bilioni 2.5. Yalipasuka kwa nyufa zake yenyewe, maji yakalainisha kingo mawe yakiwa bado chini ya udongo, kisha udongo ukasombwa na mawe yakabaki yamebebana. Jiwe la namna hiyo huanguka likiondolewa linachoegemea: mvua inapochimbua udongo, mtu anapokata mlima apate kiwanja, au anapowasha moto chini ya mwamba ili apasue kokoto. Aliyejenga mlimani aache kukwangua madoa, akatazame maji ya mvua yanapita wapi.

"Ukiikwangua, msimu ujao imerudi."
Nyingi za jamii hii hazifikishi hata milimita moja kwa mwaka. Huko kwenye baridi, milima ya Ulaya na Aktiki, ipo iitwayo *Rhizocarpon geographicum*. Kwa kuwa likeni hukua polepole hivyo, katika miaka ya 1950 Roland Beschel, mtaalamu wa Austria, alipima upana wa madoa ya likeni kukadiria ni lini mawe yaliachwa wazi na barafu. Vipimo vya Beschel, hata hivyo, usivilete Isamilo: joto na mvua za huku ni nyingine, na likeni zenyewe ni nyingine.